Bawa la Vidole Viwili

Fundi wa dari alishuka ngazi akiwa na vumbi mpaka kwenye nyusi, akanusa vidole vyake, akaniambia kwa sauti ya mtu anayeleta habari za msiba, "Pole, mama. Una popo." Mimi nikacheka. Alinitazama kwa mashaka, na simlaumu. Watu wengi hapa Tarime wakiambiwa kuna popo darini hutafuta pilipili ya kufukiza, au mchungaji, au nyumba nyingine ya kupanga. Lakini ile harufu iliyoshuka naye, kali, ya mkojo wa zamani uliokaukia kwenye mbao, ilinichukua moja kwa moja hadi kijijini kwetu Nyansurura, darasa la pili, dawati la tatu kutoka dirishani. Hapo ndipo nilipokuwa nimeketi siku nilipogundua kwamba nitaruka.

Naomba nieleze tangu mwanzo, maana nikilisema hivyo kwa mkato hata wanangu huangaliana.

Nilizaliwa vidole viwili vya mkono wa kushoto vikiwa vimeshikana, kile cha kati na kinachokifuata kuelekea kidole kidogo. Mifupa ilikuwa miwili na kucha zilikuwa mbili, lakini katikati palikuwa na ngozi iliyopanda kutoka kiganjani mpaka karibu na kucha, ikaacha ncha tu zikiwa huru. Haikuuma hata kidogo. Niliweza kumenya ndizi, kukamua ng'ombe na kumfinya mdogo wangu bila taabu. Shida yangu kubwa ilikuwa hesabu. Tulihesabu kwa vidole, na mimi sikujua kama vile viwili nivihesabu kimoja au viwili, basi wenzangu walifika kumi wakati mimi niko tisa nikiwaza.

Jirani yetu Mama Robi alikuwa na maelezo yake kuhusu mkono huo. Mama Robi alikuwa na sauti ya kuita ng'ombe walioko ng'ambo ya mto, na aliitumia sauti hiyo hiyo kuongea na mtu aliyesimama mbele yake. Alisema mama alipokuwa na mimba yangu alitoka jikoni jioni, popo akampiga tumboni, na popo akimgusa mwenye mimba huacha alama. Aliyasema hayo kisimani, kwenye mashine ya kusaga, na Jumapili tukitoka kanisani. Hakuwa mtu mbaya, maana tukiugua yeye ndiye aliyekuwa wa kwanza kuleta uji. Ni kwamba neno likishaingia kinywani mwake halikuweza kulala humo.

Mama hakumjibu. Alichofanya ni kunishusha mkono wa sweta mpaka ukafunika vidole. Nilivaa sweta la mikono mirefu hata jua likiwaka mpaka kuku wamejilaza chini ya ghala na midomo wazi, na niliamini kabisa kwamba mama ananiogopea baridi.

Mimi kwa upande wangu nilimshukuru Mama Robi kimoyomoyo. Nyie mliokulia kwetu mnajua kwamba koo zetu zina wanyama wake. Hawa ni wa tembo, wale wa chui, wengine wa pundamilia au nyani, na mtoto hujivunia mnyama wa ukoo wake hata kama hajawahi kumwona. Lakini mnyama huyo unagawana na wajomba, binamu na watu usiowapenda. Mimi nilikuwa nimepewa popo wangu peke yangu, tena akanifuata tumboni. Sikumwona mtoto mwingine Nyansurura nzima aliyeheshimiwa hivyo.

Sasa turudi darasani. Paa letu lilikuwa la bati, na kati ya bati na boriti waliishi popo wengi kuliko wanafunzi. Walitunyea daftari, walizomeana wakati wa imla, na sote tulinuka harufu yao mpaka nyumbani wakajua ni harufu ya elimu. Siku moja mmoja akaanguka juu ya dawati la mbele. Wasichana wakapiga kelele, wavulana wakapanda juu ya madawati wakidai wanakwenda kumkamata. Mwalimu Wambura, aliyetufundisha sayansi, akamfunika kwa jalada la daftari, akamshika kwa kitambaa cha kufutia ubao, na akamtanua bawa moja mbele ya dirisha.

Mwanga wa dirisha ulipita katikati ya lile bawa, tukaona mishipa myembamba ya damu, na ndani yake vijiti virefu vilivyotawanyika kutoka mahali pamoja.

"Huyu si ndege," alisema Mwalimu Wambura. "Ndege ana manyoya. Huyu anazaa na kunyonyesha, sawa na ng'ombe wenu. Na hili mnaloliita bawa ni mkono. Hivi vijiti ni vidole. Hiki kidogo chenye ukucha ni kidole gumba. Sasa kati ya kidole na kidole kuna nini?"

"Ngozi!" tukaitikia.

"Ngozi. Hiyo ngozi kati ya vidole ndiyo inayomrusha."

Wenzangu wote walikuwa wakimtazama popo. Mimi nilikuwa nimeinama, nimepandisha mkono wa sweta chini ya dawati, natazama vidole vyangu. Mwalimu akaendelea kusema kwamba kuna wanyama wengine wa misitu ya mbali, wana ngozi kutoka mkononi hadi mguuni, na hao hawapigi mabawa bali hupanda juu ya mti, wakajiachia na kuteleza hewani mpaka mti mwingine. Hilo nalo nikaliweka akiba. Nilijua mtu anapoanza haanzi na makubwa.

Wiki haikuisha baba akarudi kutoka Nyakunguru, alikokuwa akichimba dhahabu na kuja nyumbani mara moja moja. Alikuja na habari badala ya dhahabu. Alisikia kwamba baada ya mwezi mmoja madaktari wa upasuaji watakuja hospitali ya Mugumu kwa wiki moja, nao wanatenganisha vidole vya watoto wa namna yangu. Mama alijifunika uso kwa khanga akalia kwa furaha. Na mimi nikalia, kwa sauti kubwa kuliko yake. Waliponiuliza kulikoni, nilisema naogopa sindano, maana ningewaambiaje kwamba wanataka kunikata bawa?

Mwezi mmoja ndio muda niliokuwa nao, basi nikaanza kazi.

Kazi yenyewe niliijua kutoka kwa baba mkubwa Marwa, kaka yake baba, ambaye boma lake lilipakana na letu. Alikuwa fundi wa ngozi. Ng'ombe akichinjwa kwenye arusi au msiba, ngozi ilikwenda kwake, naye akaifanya ngoma, kiti, au kipande cha kufunikia litungu, ile ala yetu ya nyuzi nane. Aliitandaza ngozi mbichi uani, manyoya yakiwa chini, akatoboa pembezoni na kupigilia vigingi kuanzia shingoni, kisha mkiani, kisha miguuni. Hakuivuta yote siku moja. Kila asubuhi aling'oa vigingi viwili vitatu akavisogeza nje upana wa kidole. Ile aliyotaka iwe laini aliipaka samli na kuisugua kwa viganja mpaka ikakubali kukunjika.

"Ngozi haitaki hasira," aliwahi kuniambia. "Ukiivuta kwa nguvu, inapasuka. Ukiivuta kidogo kidogo, inasahau ilivyokuwa."

Mtoto wa nyumba nyingine labda angeomba dua, au angesubiri akue. Mimi nilikuwa mtoto wa nyumba ya wawamba ngozi, nikajua la kufanya. Kila jioni kuku wakiingia bandani, nilichota samli ya mama kwa kidole, nikaenda nyuma ya choo, mahali ambapo hakuna mtu anayekaa kwa hiari, na nikaanza kusugua. Nilisugua ile ngozi kati ya vidole mpaka ikapata moto. Kisha nikachomeka kijiti kati ya zile ncha mbili zilizokuwa huru, nikakiacha hapo mpaka vidole vikauma. Cha kwanza kilikuwa njiti ya kiberiti. Wiki ya pili nikatumia kijiti cha ufagio, na wiki ya tatu nikapanda hadi kwenye bua la ulezi.

Ulezi huo huo ndio uliokuwa rula yangu. Nilipanga punje zake kwa mstari juu ya ngozi, kutoka mfupa hadi mfupa. Siku ya kwanza ziliingia sita. Baada ya wiki mbili na nusu ziliingia saba. Punje ya saba ilikuwa ndogo kuliko wenzake, hilo nakiri, lakini hakukuwa na mkaguzi.

Mama aliona samli inapungua akamlaumu paka. Paka yule alifukuzwa jikoni kwa kosa langu, akawa anakaa mlangoni akinitazama, nami nilishindwa kumtazama machoni. Jambo jingine lililokaribia kutoboa siri yangu ni kulala. Nilijua popo hulala kichwa chini, basi mchana mmoja nikajilaza kitandani na kichwa kikining'inia sakafuni na miguu ikiwa imeegemea ukuta. Mama akaingia.

"Bhoke, umeingiwa na nini?"

"Napumzisha miguu, mama."

"Imefanya kazi gani?"

Safari ya Mugumu ilipangwa Jumatatu. Jumamosi yake niliamka nikiwa nimeamua. Kama ningeweza kuonyesha kwamba bawa linafanya kazi, hata kidogo tu, hakuna mzazi mwenye akili ambaye angelipeleka kukatwa. Baba alikuwa ameshaondoka tena kwenda machimboni, na mama alikuwa amekwenda kwenye kikao cha akina mama wa kanisa. Nikavuka hadi kwa baba mkubwa, nikapanda gogo lake la kupandia ghalani, kisha nikajivuta juu ya paa la nyasi. Ng'ambo ya ua palikuwa na lundo la mabua makavu. Mpango ulikuwa niteleze hewani kutoka paani mpaka kwenye mabua, kwa namna ya wale wanyama wa Mwalimu Wambura. Nilipandisha mkono wa sweta, nikanyoosha mkono wa kushoto, nikatanua vidole kadiri vilivyoweza kutanuka. Kwa mkono wa kulia sikuwa na mpango wowote.

Nikajiachia. Sitaki kudanganya, kwa muda mfupi sana nilikuwa hewani, na hewa ilipita kwenye ile ngozi, nikaisikia. Nimeolewa, nimezaa, nimepanda hata ndege ya kweli mara mbili, lakini furaha ile sijaipata tena kwa ukubwa ule. Kisha nikatua katikati ya ngozi iliyokuwa ikiwambwa kwa ajili ya ngoma ya kwaya ya kanisa.

Ilikuwa imekauka nusu na kukazwa sawasawa, imeinuliwa kidogo juu ya ardhi na vigingi vyake. Ilitoa mlio ambao Mama Robi, nyumbani kwake, alidhani ni lori lililopasuka tairi. Ilinirusha juu, ikanipokea mara ya pili, na mara hiyo vigingi vya upande wa shingo vikang'oka na ngozi ikapasuka urefu wa kiganja. Mimi nilichubuka goti na kujing'ata mdomo, basi.

Baba mkubwa alitoka kwenye kibanda chake cha kazi akiwa na kisu cha kukwangulia ngozi. Akaitazama ngozi, akalitazama ghala, kisha akanitazama mimi.

"Bhoke. Umetoka wapi?"

"Juu, tata." Tata ndivyo tulivyomwita kila aliye baba kwetu.

"Na ulikuwa unakwenda wapi?"

"Kwenye mabua."

"Kwa nini hukupita njia?"

Hapo nikaangua kilio na kumwambia yote. Nilimwambia habari za Mwalimu Wambura, samli, vijiti, na Jumatatu. Alisikiliza akiwa amechuchumaa, mdomo ukimtetemeka, na sasa najua alikuwa anazuia kicheko kwa nguvu zake zote. Nilipofika kwenye ulezi akaninyamazisha kwa mkono.

"Lete hizo punje tuone."

Nilikuwa nazo mfukoni. Akazipanga mwenyewe juu ya ngozi yangu, taratibu, kwa kidole chake kinene.

"Sita," alisema.

"Ya saba ni hii."

"Hii si punje, mwanangu. Hii ni nusu ya punje, halafu umeisukuma."

Akainuka, akachukua kipande cha gunia, akaingia kibandani. Na yeye alikuwa na popo wake, walining'inia chini ya boriti ya paa, juu kabisa ya mahali alipokuwa akifanyia kazi. Alirudi na mmoja ndani ya gunia, akamtoa bawa moja kwa uangalifu, akalitanua kuelekea juani.

Baba mkubwa alisahau kwamba mimi nipo. Alilitazama lile bawa muda mrefu, akalisogeza karibu na macho, akalirudisha mbali. Alipitisha ncha ya kidole pembezoni mwake. Akalilegeza likajikunja lenyewe, akalitanua tena, likakaa bila kunyanzi hata moja.

"Mura!" alisema kwa sauti ya chini, neno tunalomwitia kijana wa kiume, nadhani akimwambia popo. "Miaka yote hii wanalala juu ya kichwa changu, na mimi hapa chini najiita fundi."

Kisha akanikumbuka. "Njoo uone. Ngozi yangu vigingi viko nje. Yake viko ndani. Anaikaza mwenyewe, anailegeza mwenyewe. Na hivi vidole, ona, urefu wake unakaribia kuupita mwili wake wote." Akauweka mkono wangu kando ya bawa. Vidole vyangu vilionekana vifupi na vinono. "Wewe ngozi unayo, Bhoke. Vigingi ndivyo huna."

Nikalia upya. Akajaribu njia nyingine. "Halafu fikiri. Kidole alichoachiwa huru ni hiki gumba tu, cha kujishikia ukutani. Hawezi kusuka kikapu. Hawezi kupiga litungu. Hawezi kushika kijiko. Mkono wote ameutoa kwa ajili ya kuruka. Wewe ungekubali hivyo?"

"Ndiyo," nikasema bila kufikiri hata kidogo.

Hapo kicheko kilimshinda. Alicheka mpaka popo akachomoka kwenye gunia na kupotelea kibandani. Alipomaliza kufuta macho alikaa chini kando yangu, juu ya ile ngozi niliyoiharibu, na akaniuliza kama najua kwa nini mama hunishusha mkono wa sweta. Nikasema ni kwa sababu ya baridi.

"Mama yako akienda kisimani anaulizwa habari za popo," alisema. "Akienda kusaga anaulizwa habari za popo. Tangu uzaliwe. Na hajawahi kumwona huyo popo, Bhoke. Hakuna popo aliyempiga. Ni maneno tu, lakini yeye ndiye anayeyabeba pamoja na ndoo."

Nilijisikia vibaya kuliko nilivyojisikia kwa ngozi iliyopasuka. Kitu nilichokuwa nikijivunia, nikakipaka samli na kukipima kila jioni, kilikuwa kinamuumiza mama yangu, na nilikuwa nikilala naye chumba kimoja miaka yote hiyo bila kujua. Sikukubali kuacha bawa. Nilikubali kwenda Mugumu, na naomba muelewe kwamba hayo ni mambo mawili tofauti. Kuhusu ngoma ya kwaya, ilitoka ndogo kidogo kuliko ilivyoagizwa, na baba mkubwa hakumwambia mtu sababu.

Hospitalini tulimkuta daktari mwanamke, mwembamba, mwenye miwani iliyoning'inia kifuani kwa uzi. Nilimwamkia, akaitikia marahaba, akanikalisha juu ya kitanda kirefu na kuushika mkono wangu. Nilijikaza mpaka alipochukua kalamu na kuanza kuchora juu ya ngozi yangu mistari ya kwenda na kurudi. Kuona wino kukanimaliza.

"Unaogopa nini?" aliuliza.

"Msiitupe," nikasema.

"Nini?"

"Ngozi yangu. Mkishaikata, msiitupe. Nipeni."

Mama akaona aibu. "Tusamehe, daktari, huyu mtoto ana maneno." Lakini daktari hakucheka, wala hakuharakisha. Akaivaa miwani yake.

"Sikiliza, Bhoke. Hatutupi hata kipande. Unaona nilivyochora? Nikikata hapa na hapa, ngozi hii inafunguka. Nusu yake naikunjia kwenye kidole hiki, nusu naikunjia kwenye hiki, ndiyo inayovifunika ubavuni. Itabaki kwako yote. Tena haitatosha, itabidi nichukue na kidogo hapa nyongani."

"Haitatosha?" Nilikasirika kweli. "Nimeivuta mwezi mzima!"

"Umeivuta na nini?"

Nikatazama sakafuni. Mama alikuwa ananitazama. "Na samli," nikasema.

"Kumbe paka wa samli ni huyu!" alisema mama.

Daktari akaibonyeza ngozi kwa kidole gumba, akaivuta huku, akaivuta kule, akamgeukia muuguzi. Alimwambia kwamba ngozi hii ni laini kuliko za watoto wengine aliowaona asubuhi ile, na itakunjika vizuri. Kisha akaniambia mimi, kwa heshima ya fundi kwa fundi, "Umenipunguzia kazi. Asante." Niliingia chumba cha upasuaji nimenyanyua kichwa, na mpaka usingizi wa dawa unanichukua nilikuwa namwelekeza muuguzi namna ya kusugua.

Bandeji ilikaa wiki nyingi, nami nikadeka mpaka nikalishwa na mdogo wangu niliyezoea kumfinya, naye akalipiza kwa kunipitishia kijiko puani. Siku muuguzi alipoifungua tuliona vidole vyekundu, vilivyovimba, vina mistari ya kwenda na kurudi kama mshono wa gunia. Lakini vilikuwa viwili. Nilivisogeza kimoja kushoto na kimoja kulia, na katikati nikaona uso wa mama.

Kesho yake asubuhi mama aliniambia tuende wote kisimani. Sikuwa na uwezo wa kubeba ndoo, wala hakunipa. Alinivisha gauni la mikono mifupi. Nilihisi hewa mkononi, na nilihisi pia kwamba mama anatembea haraka kuliko kawaida.

Wanawake walikuwa wengi, na Mama Robi alikuwa katikati yao. "Lete tuone!" aliita kabla hatujafika. Mama akaunyanyua mkono wangu mwenyewe mbele ya wote. Wakausogelea, wakasema ee Mungu, wakahesabu mpaka tano kwa sauti. Mama Robi akaugeuza kiganja juu, akaugeuza chini, akapapasa makovu kwa upole, kisha akasema alichokuwa nacho kinywani.

"Heee! Kwa hiyo yule popo ameondoka."

Hakuna aliyetaka kumtazama mama, maana kila mtu alijua hayo ni maneno ya nani na yamekwenda wapi miaka yote. Mimi nilimtazama. Niliona uso wake unaanza kujifunga, na mkono wake unatafuta mkono wa sweta ambao siku hiyo haukuwepo.

"Hajaondoka," nikasema. "Daktari amemkunja tu. Yuko hapa na hapa." Nikaonyesha ubavu wa kidole kimoja na ubavu wa cha pili. "Sasa hivi ni mchana. Popo mchana anakunja mabawa."

Mama Robi akaviinamia vidole vyangu upya, kimoja baada ya kingine. Kisha nikasikia sauti nisiyoizoea. Mama alikuwa anacheka. Alianza kwa kujizuia, akashindwa, akaifudikiza ndoo yake na kuikalia, akacheka hadi machozi yakamtoka.

"Umesikia, Mama Robi?" alisema alipopata pumzi. "Popo wako yupo. Amelala. Usimwamshe na sauti yako hiyo."

Wanawake wakapasuka kwa kicheko, na Mama Robi mwenyewe akacheka kuliko wote, akipiga mapaja. Mama akachota maji, akajitwika ndoo, na mkono wake mmoja ukabaki huru. Akaushusha kunitafuta. Alipoupata mkono wangu wa kushoto hakuushika kiganja kizima kama alivyozoea. Alipenyeza vidole vyake katikati ya vyangu, kimoja kimoja, polepole, hata pale kati ambapo tangu nizaliwe hapakuwa na njia, na tukapanda mlima hivyo mpaka nyumbani.